Vibarua Wasiodai Ujira: Maswali ya Wasomaji Kuhusu Bioanuwai

Katika toleo lililopita safu hii iligusia kwa ufupi manufaa ambayo binadamu na mazingira huyapata kutokana na mifumo ikolojia, na barua zilizofika baadaye zimekuwa nyingi kuliko nafasi tuliyopewa. Nimechagua chache. Zilizouliza jambo moja kwa maneno tofauti nimeziunganisha, na zilizokuwa ndefu nimezifupisha bila kubadilisha hoja ya mwandishi.

Mwandishi wa safu, mnatumia maneno "mfumo ikolojia" na "bioanuwai" kana kwamba yana maana moja. Je, ni kitu kimoja? Kama sicho, ni kipi kinachotunufaisha? (Mwanafunzi wa sekondari)

Si kitu kimoja, na lawama ya kuvichanganya ni yangu. Mfumo ikolojia ni viumbe wanaoishi mahali fulani, pamoja na maji, udongo, hewa na mwanga wanavyovitegemea, na mahusiano yote yanayowafungamanisha: anayekula, anayeliwa, na yule anayeozesha mabaki ya wote wawili. Dimbwi ni mfumo ikolojia, na bahari nayo ni mfumo ikolojia. Bioanuwai ni tofauti zilizomo. Mkataba wa Umoja wa Mataifa kuhusu Bioanuwai, uliofunguliwa kutiwa saini Rio de Janeiro mwaka 1992, unazitambua tofauti hizo katika ngazi tatu, yaani ndani ya spishi moja, kati ya spishi na spishi, na kati ya mfumo ikolojia mmoja na mwingine.

Ukipenda mfano, mfumo ikolojia ni karakana, na bioanuwai ni mafundi waliomo pamoja na tofauti za ujuzi wao. Bidhaa hutoka karakana, lakini ni mafundi wanaoitengeneza. Mwaka 2005 Tathmini ya Milenia ya Mifumo Ikolojia, iliyowashirikisha wataalamu zaidi ya 1,300, iliyagawa manufaa hayo katika mafungu manne: tunavyovichukua, kama chakula, mbao na dawa, yale yanayodhibitiwa kwa niaba yetu, kama mafuriko, magonjwa na hali ya hewa, yanayoilisha akili na roho, na kazi za msingi, kama kufanyika kwa udongo, ambazo bila hizo mafungu matatu ya kwanza yasingekuwapo. Fungu hilo la nne ndilo ninaloliona kuwa zito kuliko yote, na ndilo linalosahauliwa upesi, kwa sababu hakuna anayelipeleka sokoni.

Mnawasifu sana wadudu na misitu kwa kazi wanazofanya. Lakini binadamu ana akili na mashine. Kwa nini tusizifanye kazi hizo wenyewe? (Fundi mitambo)

Fundi, swali lako ni zuri kwa sababu limekwisha kujaribiwa, na mara nyingi bila kukusudia. Binadamu amezoea kuhamisha mimea na mifugo kutoka bara moja hadi jingine akiwaacha nyuma vibarua waliokuwa wakiihudumia. Ni baada ya kuwaacha ndipo hugundua kuwa walikuwapo.

Chukua vanila. Asili yake ni Meksiko na nchi jirani, ambako ua lake huchavushwa na nyuki wa huko. Ilipopelekwa kwenye visiwa vya Bahari ya Hindi, ilistawi vizuri, ikachanua, na haikuzaa. Mwaka 1841, katika kisiwa cha Réunion, kijana mtumwa mwenye umri wa miaka 12, Edmond Albius, alionyesha jinsi ya kuinua kwa kijiti utando unaotenganisha sehemu ya kiume na ya kike ya ua, kisha kuzikutanisha kwa kidole gumba. Njia yake ingali inatumika hadi leo. Kwa hiyo ndiyo, binadamu anaweza. Ila ua la vanila hufunguka kwa siku moja tu, kila ua lazima lishikwe kwa mkono, na hiyo ni sababu mojawapo ya vanila halisi kuwa miongoni mwa viungo ghali kuliko vyote duniani.

Mchikichi ulipata mkasa kama huo. Ulitoka Afrika ukapandwa kwa wingi Malaysia, na kwa miongo mingi mashamba ya huko yaliwalipa watu kuchavusha maua kwa mikono. Mwaka 1981 wakaletewa fukusi mdogo kutoka Kameruni, ambaye huko kwao ndiye mchavushaji wa mti huo. Fukusi akaachiliwa, akazaliana, na kazi ya mikono ikaachwa.

Mfano ninaoupenda zaidi hauna harufu nzuri. Ng'ombe walifika Australia pamoja na walowezi wa kwanza mwaka 1788. Mbawakawa wa huko, waliozoea vinyesi vikavu vya kangaruu, hawakuweza kushughulikia vyema mavi mazito ya ng'ombe, kwa hiyo yaliganda juu ya malisho kwa miezi, yakiua majani yaliyo chini yake na kuzalisha nzi wasiohesabika. George Bornemissza, mtaalamu wa wadudu mzaliwa wa Hungaria, aliliona tatizo hilo na kushauri waletwe mbawakawa wanaozika mavi kutoka nchi ambazo zimeishi na wanyama wakubwa kwa muda mrefu, hasa za Afrika. Kuanzia mwaka 1968 waliachiliwa spishi zaidi ya 40, na zaidi ya 20 zikaweza kuishi huko. Mavi yakaanza kuzikwa ndani ya siku chache, rutuba ikarudi ardhini, na nzi wakapungua. (Nchi hiyo hiyo iliwahi kuleta chura wa miwa mwaka 1935 ili ale wadudu waharibifu, naye akageuka kuwa balaa mpaka leo. Kuhamisha kiumbe si jambo la kufanya kwa matumaini matupu.)

Mashine nazo zina gharama yake. Katika miaka ya 1990 jiji la New York lilitakiwa ama kujenga kiwanda cha kuchuja maji yatokayo milima ya Catskill, ambacho gharama yake ilikadiriwa kufikia dola bilioni 6 hadi 8, ama kuthibitisha kwamba maji hayo yatabaki safi. Mwaka 1997 jiji lilitia saini makubaliano ya kulinda chanzo chenyewe kwa kununua ardhi, kuhifadhi misitu, kuwasaidia wakulima kuzuia samadi isiingie mitoni na kukarabati mifumo ya majitaka, kwa takriban dola bilioni 1.5. Sisemi kwamba msitu ulifanya kazi peke yake. Mafundi kama wewe walihitajika sana, lakini walifanya kazi pamoja na msitu, wala si badala yake.

Nimesikia mara nyingi kwamba misitu mikubwa ni mapafu ya dunia, na kwamba ikiisha tutakosa hewa ya kuvuta. Tumebakiwa na miaka mingapi? (Mama wa watoto watatu)

Dada, watoto wako hawatakosa oksijeni, na ningependa watetezi wa misitu waiache hoja hii kwa sababu inawadhoofisha. Msitu mkongwe kama Amazoni hutoa oksijeni nyingi mchana, lakini karibu yote hutumiwa na miti yenyewe inapopumua na vijidudu vinavyoozesha majani yaliyoanguka. Hesabu ya mwisho hukaribia sifuri. Oksijeni tunayoivuta, ambayo ni asilimia 21 ya hewa, ni akiba iliyolimbikizwa kwa mamia ya mamilioni ya miaka, na hata mimea yote ya nchi kavu ikiungua leo, akiba hiyo itapungua kwa sehemu ndogo mno. Tena, karibu nusu ya usanisinuru wote wa dunia hufanywa baharini, hasa na viumbe vidogo visivyoonekana kwa macho.

Sababu za kweli za kuulinda msitu zina nguvu kuliko hiyo ya uongo. Ya kwanza ni mvua. Mti hunyonya maji ardhini na kuyaachia angani kama mvuke, na mvuke huo husafirishwa na upepo na kunyesha mbali. Katika miaka ya 1970 mwanasayansi wa Brazili, Eneas Salati, alipima isotopu za oksijeni, yaani atomi za oksijeni zinazotofautiana kwa uzito, katika maji ya mvua na ya mito, akaonyesha kwamba karibu nusu ya mvua ya Amazoni ni maji ambayo msitu wenyewe uliyarudisha hewani. Anayekata msitu upande wa upepo anamkatia mvua mtu asiyemjua, labda katika nchi nyingine.

Ya pili ni kaboni, ambayo miti huihifadhi isiende hewani, na hapa msitu una mshindani asiyetajwa. Ardhioevu zenye udongo wa mboji, yaani mabaki ya mimea yaliyolowa maji kwa maelfu ya miaka bila kuoza kabisa, hufunika takriban asilimia 3 tu ya nchi kavu, lakini hubeba kaboni nyingi kuliko mimea ya misitu yote ya dunia ikijumlishwa. Ile ya bonde la kati la Kongo, ambayo ramani yake ilichapishwa mwaka 2017, imekadiriwa kuwa na tani bilioni 30 za kaboni. Ukiikausha, huanza kuoza na kutoa hewa ya ukaa. Watu wengi wanaoliona tope hilo huliita ardhi isiyo na kazi.

Kikundi chetu kimepanda miche elfu kumi ya mti mmoja unaokua haraka. Jirani anasema tumepoteza muda kwa sababu "huo si msitu". Nani ana haki? (Katibu wa kikundi cha vijana)

Nyote wawili, kwa kiasi. Mmepanda shamba la miti, nalo litawapa kuni na nguzo, na huenda likaipunguzia misitu ya asili mzigo wa kukatwa. Hiyo si kazi bure. Lakini jirani yako anaungwa mkono na jaribio kubwa lililofanywa mkoani Jiangxi, China, ambako kuanzia mwaka 2009 watafiti walipanda zaidi ya miti 150,000 katika vipande vingi, vingine vikiwa na spishi moja na vingine vikiwa na spishi mbili, nne, nane hadi 16 au zaidi. Baada ya miaka minane, kama walivyoeleza mwaka 2018, vipande vyenye mchanganyiko wa spishi 16 vilikuwa vimehifadhi kaboni zaidi ya maradufu ikilinganishwa na wastani wa vile vya spishi moja.

Hakuna uchawi hapo. Mizizi ya mti mmoja hushuka kina ambacho ya mwingine haifiki, mmoja hupenda jua kali na mwenzake huridhika na kivuli, na mdudu anayemla huyu hupata taabu kumfikia ndugu yake akizungukwa na wageni. Katika shamba la spishi moja miti yote hugombania kitu kilekile kwa wakati uleule, na ugonjwa ukiingia hauna wa kuuzuia.

Msiing'oe miche yenu. Acheni miche ya asili inayojiotea chini yake ikue badala ya kuifyeka, pandeni spishi nyingine penye mapengo, na kabla ya mradi ujao jiulizeni kwanza kama mahali hapo paliwahi kuwa msitu. Mbuga ya nyasi iliyopandwa miti imepoteza mfumo ikolojia mmoja bila kupata mwingine.

Tunaambiwa tuwahifadhi viumbe wote. Hata tumbusi? Hata mbu? (Msomaji wa siku nyingi)

Nianze na tumbusi, kwa sababu habari yake inajulikana kwa uhakika wa kutisha. Hadi miaka ya 1980 India ilikuwa na mamilioni ya tumbusi, ndege waliokuwa wakimaliza mzoga wa ng'ombe kwa muda mfupi, na ambao tumbo lao lina asidi kali inayoua vimelea vingi. Kisha wakaanza kuanguka kutoka mitini. Kati ya mwaka 1992 na 2007 spishi moja, tumbusi mwenye mgongo mweupe, ilipungua kwa zaidi ya asilimia 99. Watu walidhani ni virusi, au sumu ya mashambani. Mwaka 2004 watafiti waliofanya kazi Pakistani walionyesha kwamba chanzo ni diklofenaki, dawa ya kutuliza maumivu iliyokuwa ikipewa mifugo. Tumbusi akila mzoga wa mnyama aliyetibiwa kwa dawa hiyo, figo zake hushindwa kufanya kazi.

Mizoga ikabaki. Mbwa wasio na wenyewe wakaipata, wakaongezeka, na kichaa cha mbwa kikapata wabebaji. Mizoga mingine ikaishia kwenye maji. Mwaka 2006 India, Pakistani na Nepali zilipiga marufuku matumizi ya dawa hiyo kwa mifugo. Wachumi wawili waliolinganisha wilaya zilizokuwa na tumbusi wengi na zile zilizokuwa nao wachache walikadiria, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2024, kwamba kutoweka kwa ndege hao kulichangia vifo vya watu wapatao 500,000 kati ya mwaka 2000 na 2005. Ndege yule yule ambaye watu humtemea mate akipita.

Mbu ni jambo jingine, na sitakuficha ninavyolitazama. Zipo spishi zaidi ya 3,500 za mbu. Nyingi hazina habari na binadamu, dume wa mbu hunywa maji matamu ya maua, na viluwiluwi wao ni chakula cha samaki na wadudu wengine. Wanaoeneza malaria ni spishi kama 30 hadi 40 tu za kundi la mbu liitwalo anofelesi. Simwoni mwenye busara atakayelilia wadudu hao wachache wakipungua hata kuisha. Ubaya huwa katika njia zinazotumika, kwa kuwa dawa ikimwagwa kila mahali, au ardhioevu nzima ikikaushwa, kerengende na popo wanaokula mbu huangamia nao, na mbu, kwa kuwa huzaliana upesi kuliko maadui zake, ndiye hurudi wa kwanza.

Mbegu mpya zinazaa kuliko za zamani. Kwa nini watu wang'ang'anie zile za wazee? (Mkulima)

Panda mpya, mzee wangu, lakini za zamani zisipotee, kwa sababu mbegu mpya ya kesho itatoka humo. Katika miaka ya 1970 virusi vya udumavu vilishambulia mpunga katika nchi kadhaa za Asia. Taasisi ya Kimataifa ya Utafiti wa Mpunga, iliyoko Ufilipino, ilipima zaidi ya sampuli 6,000 za mbegu ikitafuta ukinzani, na ikaupata katika mpunga-mwitu mmoja tu kutoka India, *Oryza nivara*, ambao hakuna mkulima angeuchagua kwa mavuno yake. Mpunga huo ukachanganywa na aina nyingine hadi ikapatikana IR36, iliyotolewa mwaka 1976 na baadaye kupandwa kwenye mamilioni ya hekta.

Upande wa pili ni Ireland ya mwaka 1845. Maskini wa huko walitegemea viazi, tena kwa sehemu kubwa viazi vya aina moja vilivyopandwa kutokana na viazi vyenyewe, kwa hiyo vilikuwa pacha kwa mamilioni. Ugonjwa wa bakajani ulipofika haukukuta hata aina moja ya kuuzuia. Watu wapatao milioni moja walikufa. Ni haki kuongeza kwamba nafaka ziliendelea kusafirishwa kutoka nchini humo wakati watu wakifa, kwa hiyo sehemu ya lawama ni ya watawala, wala isibebwe yote na kiazi.

Je, ni halali kuipa asili bei? (Mhasibu)

Mwaka 1997 mtafiti wa uchumi wa ikolojia, Robert Costanza, na wenzake walikadiria kazi za mifumo ikolojia yote ya dunia kuwa na thamani ya wastani wa dola trilioni 33 kwa mwaka, wakati pato la dunia nzima lilikuwa takriban dola trilioni 18. Walishutumiwa sana, na baadhi ya shutuma zilikuwa na uzito, kwani mtu hawezi kulipa zaidi ya alicho nacho, wala hakuna wa kumuuzia asili nzima. Naiona bei kuwa ya manufaa pale tu panapokuwa na uamuzi mahususi wa kufanywa, kama ule wa maji ya New York, kwa sababu kitu kisichoandikwa katika daftari lako, ndugu mhasibu, huhesabiwa kuwa sifuri.

Na kiumbe ambaye hana kazi yoyote inayojulikana? (Msomaji asiyejitaja)

Katika miaka ya 1960 Thomas Brock, mtaalamu wa mikrobiolojia wa Marekani, alikuwa akichunguza viumbe wanaoishi katika chemchemi za maji moto za Yellowstone, hifadhi ya taifa ya Marekani. Hakutafuta dawa wala faida. Alitaka tu kujua ni joto kiasi gani uhai unaweza kulistahimili. Katika maji yenye joto la nyuzi 70 za Selsiasi alipata bakteria, ambaye yeye na mwenzake walimpa jina la *Thermus aquaticus* mwaka 1969, na sampuli yake wakaiweka katika hifadhi ya umma ya vijidudu.

Miaka ya 1980 mwanakemia wa Marekani, Kary Mullis, alibuni njia ya kurudufu DNA kwa kuipasha moto na kuipoza mara nyingi. Ilikuwa na kero moja: kimeng'enya kilichotumika, yaani protini inayoendesha urudufishaji huo, kiliharibiwa na joto, ikabidi kiongezwe upya katika kila mzunguko. Yeye na wenzake walihitaji kimeng'enya kisichoharibiwa na joto, na bakteria wa Brock alikuwa nacho. Mullis alishiriki Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka 1993, na njia hiyo ilitumika sana katika vipimo vya Uviko-19 duniani kote. Bakteria mwenyewe bado yumo katika chemchemi zake.